Siku Arobaini na Sita za Jembe

Walisema sitaweza. Mjomba wangu pale Dutumi alisema mtoto wa mjane hafiki mwisho wa shule, njaa itamrudisha nyumbani kabla ya mitihani. Nilifika mwisho. Wakasema serikali haiwezi kumpeleka Ulaya mtoto wa mkulima wa mihogo wakati watoto wa wakubwa wapo. Ilinipeleka. Nilikaa miaka mitatu kwenye baridi, nikasoma misitu kwa lugha ambayo niliisikia mara ya kwanza siku niliyoshuka kwenye ndege, nikarudi na diploma yenye muhuri mwekundu. Nauli walinilipia, sikatai, lakini mitihani hakuna aliyenifanyia. Mama aliiweka ile diploma kwenye sanduku lake pamoja na msahafu, ikabidi nimwombe kwa adabu anirudishie niipeleke ofisini.

Ofisini nako walisema sitaweza. Mkuu wangu wa kazi, mtu mnene mwenye sauti ya upole, aliniita wiki ya kwanza akiwa ameishika karatasi yangu ya mapendekezo kwa vidole viwili, kama mtu aliyeokota soksi isiyo yake.

"Ndugu," alisema, "unataka serikali itoe fedha ili watu wa mjini waje msituni kula sambusa?"

"Hata wa kijijini wanakula sambusa, Ndugu Mkuu."

"Hutaweza. Watu wa kule Kisarawe wanakata miti tangu babu zao. Hawatauacha msitu kwa sababu umewawekea mabenchi."

Nimestaafu sasa, na bado nikiikumbuka sauti ile damu inanichemka.

Msitu wenyewe ulikuwa vilimani, upande wa Kisarawe. Kwenye ramani ulikuwa hifadhi tangu enzi za mkoloni, na alichokifanya mkoloni ni kuuzungushia mstari na kumkamata aliyeuvuka. Tulipopata uhuru tuliurithi mstari, tukaurithi na ukamataji. Watu walikata nguzo na kuchoma mkaa wa kupeleka Dar es Salaam. Wakikamatwa walilipa faini, wakirudi walikata zaidi ili kuifidia ile faini. Hivyo ndivyo tulivyouhifadhi msitu wetu miaka yote ile, na watu wenye viti vya kuzunguka walikuwa wameridhika kabisa.

Karatasi yangu ilitaka kitu kingine. Fedha za umma ziajiri walinzi kutoka kijiji kilichopakana na msitu, wanaomjua kila mkata nguzo kwa jina la mama yake. Ufyekwe ukanda mpana kuuzunguka msitu, ili moto wa mashambani ukifika pale ukose cha kula. Halafu, pembeni, pawe na njia za miguu, mabenchi, kisima, choo cha heshima na uwanja wa mpira, mahali ambapo mtu yeyote atapumzika Jumapili bila kuulizwa tiketi. Kule nilikosoma niliwaona mafundi wa viwandani wakitembea msituni na wake zao na watoto, kwenye njia zilizofagiliwa na mfanyakazi wa serikali. Hakuna aliyelipa mlangoni. Walikwisha kulipa kwenye kodi. Na kwa kuwa walipapenda, ole wake ambaye angeonekana na shoka. Nilisema kwetu inawezekana. Niliiandika mwenyewe, kurasa kumi na moja, na waliokaa juu ya Mkuu wakaikubali. Fungu likatengwa. Mkuu alinipongeza kwa mkono uliolegea kama samaki wa jana.

Sehemu ya kwanza ya fedha ilikuja kwa wakati. Niseme haki: ilipokuja, ilifanya kazi. Tulisimika bikoni za saruji mahali ambapo mipaka ilikuwa imesahaulika. Tulinunua misumeno, mapanga na mifuko ya saruji. Walinzi wanne waliajiriwa, wote wa pale kijijini, na mmoja wao alikuwa mchoma mkaa hodari kuliko wote. Nilimchagua makusudi. Ofisini walicheka, mimi nilijua kwamba hakuna kichaka ambacho yule bwana hakukijua. Kila asubuhi niliondoka na pikipiki chumbani kwangu Mkuza, nikapita njia za mchanga mpaka vilimani, na jioni nilirudi mwekundu kwa vumbi. Nilikuwa na furaha. Sikumbuki kipindi kingine cha kazi yangu ambacho niliamka nikiwa naimba.

Sehemu ya pili haikuja. Nilikwenda kwa karani wa fedha kila Jumatatu. Karani alikuwa kijana mpole, alinyanyua mabega tu. Masika yakaisha, nyasi zikafika kifuani, ikaingia Juni. Kila aliyezaliwa pwani anajua kinachofuata: mwezi wa saba nyasi zinakauka, mwezi wa nane watu wanachoma mashamba, na upepo haumuulizi mtu mpaka wa hifadhi uko wapi. Ukanda ule usipofyekwa Juni, ni bora usifyekwe kabisa.

Nikaitisha mkutano kijijini. Kilikuwa kijiji cha ujamaa, nyumba zimepangwa mistari miwili, watu wengi wamehamia pale miaka michache tu nyuma. Mwenyekiti wa kijiji alifungua kwa maneno machache, nikasimama nikawaeleza.

"Fedha zinakuja," nilimalizia.

"Zinakuja kwa miguu?" aliuliza bibi mmoja aliyekaa mbele na kanga yake kichwani. Huyu alikuwa kiongozi wa kinamama wanaolimiana, mjane, mdogo wa umbo na mkali wa macho. Watu wakacheka. "Bwana Misitu, tangu Januari zinakuja. Wachawi wamezikalia?"

"Shikamoo bibi."

"Marahaba. Shikamoo haifyeki nyasi."

Hapo ndipo nilipofanya nilichokifanya. Kule vilimani, kama kwetu Dutumi, mtu akizidiwa na shamba hukopa siku. Unakwenda kwa jirani, unamwomba siku yake moja. Anakuja na jembe lake, unampikia, mnalima. Siku hiyo unadaiwa. Atakapoihitaji, iwe kupalilia au kuvuna, utakwenda na jembe lako, naye atakupikia. Haiandikwi popote, na hailipwi kwa fedha hata ukiwa nazo. Mtu anayekula siku za wenzake bila kurudisha hapigwi wala hashitakiwi. Anaachwa tu. Siku paa lake likishika moto, atazima peke yake.

Nikawaambia: "Basi nikopesheni siku. Nazikopa mimi, mtoto wa Dutumi, si ofisi. Fedha zikija, serikali itawalipa posho na deni langu limekwisha. Zisipokuja, nadaiwa mimi."

Mwenyekiti akaniuliza kwa sauti ya chini kama najua ninachokisema. Nikamwambia nimezaliwa kwa watu wanaokopeshana siku, hilo sikulisomea Ulaya.

"Atazirudisha?" mtu wa nyuma akauliza. "Huyu vidole vyake vya kalamu."

"Akishindwa tutamtoza diploma," akasema bibi, na watu ishirini na watatu wakanyoosha mikono. Kila mmoja siku mbili.

Walikuja. Nilinunua mchele na maharage kwa mshahara wangu, bibi akasimamia sufuria. Katika siku mbili, wanaume bondeni na wanawake mgongoni mwa kilima, ukanda ukafyekwa mpaka udongo ukaonekana. Tulichonga mabenchi kwa magogo yaliyoanguka yenyewe. Tulitandaza njia mbili za miguu, tukachimba choo, tukasawazisha uwanja. Jioni ya pili vijana walipiga mpira pale wakati wazee bado wanakusanya mapanga.

Mwezi wa nane moto ulikuja kutoka mashamba ya mikorosho, mkubwa, na upepo nyuma yake. Mimi na walinzi tulisimama kwenye ukanda na matawi mabichi mikononi. Ulifika, ukalamba ukingo wa nyasi, ukatafuta njia kushoto, ukatafuta kulia, ukafa. Yule mlinzi mchoma mkaa aliketi chini akafuta macho. Alisema ni moshi. Mwezi uliofuata walimu wakaleta watoto wa shule kutoka Tumbi. Walitembea njia zetu, wakahesabu ndege, wakala mihogo ya kuchemsha kwenye mabenchi yetu. Kinamama wa kijijini waliuza madafu na karanga, na siku hiyo nilisikia kwa masikio yangu mtu akimkaripia mwenzake kwa kuvunja tawi. Mlinzi hakuwepo. Walikaripiana wenyewe. Hayo ndiyo niliyoyaandika kwenye kurasa zangu kumi na moja.

Kisha wakaja wageni. Magari matatu, wakubwa kutoka juu, na Mkuu wangu mbele yao katika suti ya Kaunda mpya. Kijiji kizima kilikuwa kimekaa kwenye mabenchi na kwenye nyasi. Mkuu akasimama katikati ya uwanja, akaonyesha ukanda, njia na mabenchi, akasema:

"Ndugu wageni, yote haya ni nguvu za wananchi. Wamejitolea bila senti moja, kwa kuipenda nchi yao. Kwa sababu hiyo sehemu iliyobaki ya fungu haikuhitajika, na ofisi imeielekeza kwenye mahitaji mengine."

Wageni wakapiga makofi. Mimi nilikuwa nimesimama kando ya kisima, kisima ambacho kilikuwa shimo tu kwa kuwa pampu ilikuwa kwenye ile sehemu ya pili. Nilifikiri nimesikia vibaya. Nilipowatazama watu, nikajua nimesikia sawasawa.

Bibi akanyoosha mkono. "Mheshimiwa, na sisi tuje lini kwako kuchukua siku zetu?"

Mkuu akacheka kwa upole wake. "Bibi yetu huyu ana vichekesho." Magari yakaondoka.

Hakuna aliyenitukana. Watu waliondoka mmoja mmoja, na nilipowasalimia waliitikia kama wanavyomwitikia mpita njia. Wiki ile walinzi waliona nguzo kumi na mbili zimekatwa karibu na bikoni. Wiki iliyofuata moshi wa tanuri la mkaa ulipanda kutoka bonde la ndani kabisa ya hifadhi, mchana kweupe. Nikauliza la nani. Hakuna aliyelijua. Hata walinzi wangu, ambao mishahara yao ilikuwa imekatika pamoja na fungu, walisema hawalijui, na hawakunitazama usoni.

"Mwanangu," mwenyekiti aliniambia, "watu wanasema wametapeliwa. Wanasema kama siku zao ni za bure, basi na miti ni ya bure."

Kesho yake niliingia ofisini kwa Mkuu bila kugonga.

"Mahitaji mengine gani?" nikamuuliza.

"Kaa kwanza, ndugu."

"Nitasimama. Mahitaji gani?"

Alikuwa anakoroga chai. "Ukumbi wa mapumziko wa watumishi. Paa linavuja, na viti ni aibu. Nao ni mapumziko, si umeandika mwenyewe kuhusu mapumziko?"

Nakiri niliangalia ile chai na kufikiri mahali pa kuimwaga. "Fedha zile zilitengwa kwa ajili ya msitu. Na wale watu hawakujitolea. Walikopesha siku zao."

"Walimkopesha nani?"

"Mimi."

"Basi ni wewe." Akanywa. "Serikali haikukopa siku ya mtu. Na nikushauri kama mdogo wangu, vijana wenye diploma ni wengi siku hizi. Kuna vituo vya mbali sana vinavyohitaji watu."

Nilitoka. Ukumbi ule niliupita mara nyingi baadaye. Ulipata paa jipya, viti vya sponji na kaunta ya bia, na watu kumi na watano walipumzika humo. Huo ndio umma uliofaidi fedha za umma. Watu wanafikiri msitu unaibwa kwa shoka. Nimeona shoka nyingi maishani mwangu, na hakuna iliyokata miti mingi kama kalamu ile iliyohamisha fungu kutoka mstari mmoja kwenda mwingine. Mlinzi asiyelipwa anakuwa mkata miti mwenye sare. Mwanakijiji aliyefyeka kwa ahadi, akaambiwa amejitolea, hatafyeka tena, hata umletee fedha kwa gunia. Wanaolaumu wananchi kwamba hawajali mazingira, waulizeni kwanza walizipeleka wapi fedha za kuyatunza.

Niliandika barua kwenda juu. Sikuificha: nilimpa Mkuu nakala mkononi. Jibu lilisema barua imepokelewa. Nikaandika nyingine.

Lakini barua zilikuwa za serikali, na deni lilikuwa langu. Nikaomba likizo yangu ya mwaka, siku ishirini na nane. Mkuu aliisaini haraka, akidhani nakwenda Dutumi kutulia. Nikachukua jembe la mama na nikaenda Kisarawe.

Wa kwanza alikuwa mwenyekiti mwenyewe. Aliponiona mlangoni na jembe begani, alidhani nimekuja kumwazima.

"Nimeleta siku," nikamwambia.

Akamwita mkewe apike. Tulipalilia mihogo mpaka jua la utosi. Habari ilienea kabla hatujamaliza kula. Kesho yake watoto walikuwa wamejipanga njiani kumwona Bwana Misitu akienda kulima, na kinamama walisimama kwenye kingo za shamba wakiniimba.

"Jamani, diploma inapalilia."

"Angalia isije ikakata mhogo ikadhani ni majani ya Ulaya."

"Mwacheni, anapima kwanza. Wasomi hawalimi bila kupima."

Nilimaliza mstari wangu kabla wanaume wao hawajafika nusu, na huo ukawa mwisho wa utani ule. Nilizaliwa shambani. Ulaya haikunipokonya mgongo wangu. Nilifanya kazi kwa hasira, kila pigo la jembe nikilielekeza kwenye kikombe kile cha chai, na sijawahi kulima vizuri kama mwaka ule.

Si wote waliopokea. Mzee mmoja alikataa katakata. Alisema siku zake alizifyekea serikali, na serikali itamlipa au atakufa akiidai. Nilirudi kwake mara tatu. Mara ya nne nilikuta ameacha jembe lake nje na shamba limeanzwa mistari miwili, yeye hayupo. Nikamalizia. Siku yake ya pili alikuja akalima kando yangu, na alipomaliza alisema, "Siku zangu nimepata. Posho ya serikali bado naidai." Alikuwa na haki.

Likizo ikaisha, nikahamia Jumapili. Jumapili kumi na saba, nyingine kwenye mvua ya vuli, pikipiki ikiteleza na jembe limefungwa kwa mpira nyuma. Mabega yaliota sugu. Katika wiki zile nguzo ziliacha kukatwa, bila mtu kutangaza lolote. Walinzi wawili walirudi kupita njia zao bila mshahara, wakaniambia nisiwaandike kwamba wamejitolea. Niliwaandika kwenye barua ya tatu kwamba wanadai. Barua hiyo ilifika kwa mtu mwenye masikio, kwani mwaka wa fedha uliofuata mishahara ya walinzi iliwekewa fungu lake peke yake, ambalo mkuu wa ofisi hawezi kuligusa kwa saini yake. Pampu ilichelewa mwaka mwingine zaidi. Mkuu alipandishwa cheo.

Tanuri la bondeni ndilo pekee lililoendelea kufuka. Kila Jumapili nikiwa shambani kwa mtu niliuona moshi wake juu ya miti, mwembamba, umesimama kama mtu anayenitazama.

Bibi alijiweka wa mwisho. Kila nilipomwendea alisema mikorosho yake haijataka. Mwishowe aliniita, siku mbili mfululizo, Jumapili na sikukuu iliyofuata. Alitembea nyuma yangu na fimbo. Kona moja ya shamba nilikuwa nimeipita juu juu, kwa kuwa jua lilikuwa limenizidi.

"Bwana Misitu, hapa umewaachia wageni walime?"

Nikarudi nikapalilia upya. Aliinama akaangalia mizizi ya magugu kama imetoka, akaridhika. Alipika ugali wa muhogo na kisamvu cha nazi, akaninawisha mikono mwenyewe. Tulikula. Nilipomaliza, alisema siku zake mbili amezipata, na kwa kuwa yeye ndiye wa mwisho, hakuna mtu pale kijijini anayenidai.

Nikashukuru, nikasimama nifunge jembe kwenye pikipiki.

"Lile tanuri la bondeni," alisema akikusanya vyombo, "ni la mkwe wangu. Kesho analibomoa. Nimeshamwambia."

Miezi yote ile. Nilikuwa nimekula kwenye sufuria yake Juni, nimemwuliza mwenyewe tanuri ni la nani, na akaniambia macho yake hayaoni mbali. Nilimgeukia nikiwa na hasira ya kweli.

"Bibi, ulijua tangu mwanzo."

"Nilijua," alisema. "Na wewe ulikuwa unadaiwa."

Nilimuaga, akaitikia, nikawasha pikipiki. Kesho yake niliacha kazi za ofisini nikapanda vilimani kuhakikisha. Mkwe alikuwa pale, mweusi kwa masizi mpaka kwenye nyusi, anatawanya udongo wa tanuri kwa koleo. Hakunisalimia. Nilisubiri mpaka alipomaliza.